Ngumi Ile Ilikuwa ya Nani?

Picha ilinifikia kwa simu, usiku, bila hata hujambo. Kijana aliyeituma alikuwa amesikia kwamba ninaandika historia ya sanaa ya upinzani nchini Kenya, akaona anitumie kitu kilichokuwa ukutani kwao, mtaa wa Jericho jijini Nairobi, tangu apate akili. Chini yake aliandika: "Hii baba alichonga 1982. Ndiyo ilimpeleka ndani."

Niliikuza mpaka ikaanza kupasuka-pasuka. Mwanga wa taa ulikuwa umetua juu ya kioo cha fremu, na upande mmoja wa picha ulikuwa umekatwa. Hata hivyo niliona mlima wenye vilele vilivyochongoka, na kileleni ngumi kubwa ikichomoza kama mmea. Chini ya mlima waliketi wanawake, vitambaa kichwani, na mmoja wao alikuwa amesimama, mkono juu, kiganja kimemezwa na ule mwanga. Maneno yalikuwa makubwa, meusi: WAREJESHENI WANA WETU. Herufi S ilikuwa imegeuka. Hilo ni kosa la mtu anayechonga lino, lile tandiko la sakafu linalochongwa ili kuchapia picha, kwa mara ya kwanza au kwa haraka, kwa kuwa kila unachochonga hutokea kinyume kikishakandamizwa kwenye karatasi, na S ni laghai kuliko herufi zote.

Sikulala vizuri. Anayejua mwaka 1982 ulivyokuwa atanielewa.

Machi mwaka ule polisi walilibomoa jukwaa la wazi la Kamĩrĩĩthũ kule Limuru, pale ambapo wakulima na wafanyakazi walikuwa wameigiza tamthilia ya Ngaahika Ndeenda mwaka 1977 kabla ya leseni kufutwa. Mei likasambazwa kwa siri gazeti la Pambana. Juni Bunge likaifanya Kenya nchi ya chama kimoja kwa sheria, na wahadhiri wakaanza kukamatwa mmoja baada ya mwingine. Mwanahistoria Maina wa Kinyatti, aliyekuwa amekusanya nyimbo za Mau Mau, alihukumiwa miaka sita Oktoba kwa kupatikana na karatasi iliyoitwa ya uchochezi. Alamin Mazrui, aliyetoa tamthilia ya Kilio cha Haki mwaka mmoja kabla, naye akawekwa kizuizini. Katikati ya hayo likaja jaribio la mapinduzi la tarehe 1 Agosti, na Chuo Kikuu cha Nairobi kikafungwa kwa zaidi ya mwaka.

Sheria ya uchochezi, tuliyoachiwa na Mwingereza na ambayo haikuondolewa hadi 1997, haikujali sana nani aliandika. Kupatikana nayo kulitosha. Kwa hiyo watu walichoma. Walichoma barua, vitabu, shajara, na hata nembo za vyama vya wanafunzi. Historia ya sanaa yetu ya upinzani husimuliwa zaidi kwa tamthilia na nyimbo kwa sababu hiyo: wimbo hauingii jikoni. Picha iliyochapwa huingia, na huwaka vizuri. Sasa hapa palikuwa na mchongo wa 1982 uliookoka, ukiwa na jina la mchongaji na kisa cha kufungwa kwake. Niliuingiza kwenye rasimu ya kitabu wiki ile ile. Niliandika kwamba ngumi ile ni ya Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau aliyenyongwa Kamiti tarehe 18 Februari 1957, ikirudi kupitia Kirinyaga, yaani Mlima Kenya, kudai kilichoahidiwa. Kile kijiti kifupi ndani ya ngumi nilikiita mpini wa panga lililovunjika. Leo nikiisoma aya ile nasikia aibu ya kimwili kabisa, kama mtu aliyeimba vibaya harusini.

Mwezi uliofuata nilialikwa kuzungumza katika ukumbi wa mtaa huko Eastlands. Nikaionyesha picha ukutani kwa mashine, nikaeleza ngumi, nikaeleza mlima, watu wakatikisa vichwa. Wakati wa maswali mzee mmoja aliyeketi karibu na mlango aliinua mkono. Alisema yeye hana swali.

"Mwalimu, mimi nimefanya kazi ya bustani pale Central Park miaka mingi. Hiyo ngumi si ya Kimathi. Hiyo ni ya Moi. Nimeifyekea nyasi mpaka nikastaafu."

Ukumbi ulicheka. Nami nikacheka, kwa kujikinga.

"Mzee wangu, ngumi ni ngumi."

"La. Angalia kilichoshikwa. Hiyo ni fimbo."

Na ilikuwa fimbo. Mnara wa Nyayo ulijengwa Central Park mwaka 1988, kuadhimisha miaka kumi ya Rais Moi madarakani. Ukisimama mbele yake unaona kilele cha Mlima Kenya kimefumuka, na mkono ukitoka ndani yake ukiwa umeshika ile fimbo fupi ambayo mtu yeyote aliyekuwa hai wakati huo anaijua. Nimepita hapo mara ngapi sijui. Kabla ya siku ile sikuwa nimewahi kuutazama kama kazi ya sanaa, na nadhani hapo ndipo ugonjwa wangu ulipokuwa. Sisi tunaosoma sanaa ya upinzani huona haya kusoma sanaa ya serikali. Tunaiona ni saruji na shaba za kujipendekeza, tunapita. Kumbe mchongaji wa picha hii aliisoma vizuri kuliko sisi. Hakubuni ngumi. Aliichukua ilipokuwa.

Ikiwa hivyo, picha haiwezi kuwa ya 1982. Haiwezi kuwa ya kabla ya 1988. Nilirudi nyumbani nikaitafuta aya yangu juu ya mpini wa panga, nikaifuta, kisha nikaiandika upya kwenye daftari la makosa ambalo nashauri kila mwandishi wa historia awe nalo.

Lakini kufuta tarehe ya watu si sawa na kufuta aya. Nilimwandikia yule kijana kwamba ningependa kuiona picha yenyewe. Akajibu, "Karibu Daktari, mathe anakungoja."

Mama yake alinipokea kwa chai na nduma, akaketi chini ya picha kama mtu anayelinda mlango. Mumewe alifariki 2004. Aliniambia kisa chote tangu mwanzo, na nilikiacha kiende bila kukikatiza, kwa kuwa mtu akikatizwa hurudi kwenye toleo fupi alilozoea kuwaambia wageni. Mumewe alikuwa mwanafunzi wa chuo kikuu mwaka 1982. Baada ya jaribio la mapinduzi alichukuliwa, akakaa miezi ndani bila kufikishwa mbele ya hakimu kwa kesi yoyote ya maana, akaachiliwa mwaka uliofuata. Siku alipochukuliwa, mama yake mzazi, ambaye sasa ni marehemu, alikusanya karatasi zake zote akazitia kwenye jiko. Miongoni mwake palikuwa na picha aliyoichonga mwanawe.

"Kwa hiyo picha ilichomwa," nikasema.

"Ilichomwa."

"Na hii hapa?"

"Ni ile ile."

Sikubishana. Nimejifunza kwamba sentensi mbili zinazopingana zikisemwa na mtu mtulivu, mara nyingi zote mbili zina kitu. Nikamuuliza jambo jingine.

"Mama, wakati anachukuliwa mlikuwa mmeshaoana?"

"Bado. Tulijuana 1984. Hayo nimeyapata kwa mama mkwe."

Basi shahidi wa 1982 hakuwa yeye. Alikuwa mama mkwe, na huyu mjane alibeba maneno ya mwingine kwa miaka zaidi ya thelathini, kwa uaminifu, kama mtu abebavyo maziwa kwenye kikombe kilichojaa. Hilo halimfanyi kuwa mwongo. Linamfanya kuwa shahidi wa aina nyingine.

Niliomba fremu ifunguliwe. Alisita, akamtazama mwanawe, kisha akasema, "Mzee aliifunga mwenyewe. Lakini fungua, mwanangu, usiikwaruze." Nilitumia kisu cha jikoni kunyanyua pini za nyuma. Kadibodi ilitoka na vumbi la miaka. Bila kioo, kiganja cha yule mwanamke aliyesimama kilionekana mara moja: alikuwa ameinua vidole viwili.

Kizazi cha sasa huenda kikaona ni ishara ya kupigia picha. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 vidole vilikuwa kura. Kidole kimoja kilikuwa KANU, chama kimoja, baba na mama. Vidole viwili vilikuwa vyama vingi, na watu walivipunga barabarani tangu maandamano ya Saba Saba ya 1990, na zaidi baada ya FORD, muungano wa wapinzani, kuanzishwa 1991. Makanga aliyekupungia viwili alikuwa amekwambia siasa yake yote bila kufungua mdomo.

Nikaigeuza karatasi. Nyuma yake palikuwa na kalenda.

Ilikuwa ni ukurasa wa mwezi mmoja, ule wa kalenda za ukutani ambazo maduka hugawa mwisho wa mwaka: upande wa mbele unang'aa, wa nyuma umefifia. Mchongaji alichapa kwenye upande uliofifia kwa sababu wino hushika huko. Sehemu ya juu, ambako huwa kuna jina la duka na mwaka, ilikuwa imekatwa kwa wembe, mstari umenyooka sawasawa. Zilibaki siku tu. Mwezi ulianza Jumamosi, ukaisha Jumamosi, tarehe 29.

Mwezi wenye siku 29 ni Februari ya mwaka mrefu. Februari ya mwaka mrefu inayoanza Jumamosi hurudi kila baada ya miaka 28 tu. Nilihesabu kwenye meza ile, kijana akinihakikishia kwa simu yake: 1964, 1992, 2020. Hapana mwingine katikati.

Sasa naomba msomaji aone jinsi ushahidi huu ulivyo mlegevu ukisimama peke yake. Kalenda ikiwa ya 1964, mtu angeweza kuichapia mwaka wowote baadaye, hata 1982, na familia ingekuwa sahihi kabisa. Karatasi hukwambia tu kwamba picha si ya kabla yake. Ni mnara wa Nyayo unaoifunga njia hiyo, kwa sababu ngumi yenye fimbo haikuwapo kabla ya 1988. Na karatasi ya duka iliyotoka 1964 ingekuwa imeshageuka rangi ya chai ya rangi, wakati hii ilikuwa imeanza tu kuwa manjano pembeni. Upande wa pili, kuiondoa 2020 kulinichukua dakika moja. Mama alileta albamu. Katika picha ya Krismasi, watoto wamepangwa kwenye kochi, fremu ile ile iko nyuma yao, na pembeni kamera imechapa tarehe kwa rangi ya machungwa, kama kamera za wakati ule zilivyofanya: 25, 12, 96. Nimekaa kwenye maktaba na nyaraka za taifa miaka mingi nikitafuta ushahidi, na sijawahi kupata ulio mzuri kama nambari zile ndogo za machungwa juu ya kochi la watu.

Ilibaki 1992. Na ukurasa wa Februari hung'olewa lini ukutani? Machi ikiingia.

Ijumaa tarehe 28 Februari 1992 akina mama wa wafungwa wa kisiasa walikwenda kwa Mwanasheria Mkuu kudai wana wao, kisha wakaingia Uhuru Park wakaketi chini, wakagoma kula, mwanaharakati Wangari Maathai akiwa nao. Miongoni mwao alikuwamo Monica Wangu, mama yake mfungwa wa kisiasa Koigi wa Wamwere. Ile kona waliyokaa wakaiita Freedom Corner. Jumanne tarehe 3 Machi polisi waliwavamia kwa gesi ya machozi na rungu. Maathai alipigwa hadi kuzirai. Baadhi ya akina mama wakavua nguo mbele ya askari, na yeyote aliyelelewa na bibi anajua maana ya mama kukuvulia nguo. Baadaye walihamia kanisa la All Saints, wakakaa huko karibu mwaka mzima, mpaka wengi wa wana wao walipoachiliwa mwanzoni mwa 1993.

Ukiwa na tarehe hizo mkononi, rudi kwenye picha. Wanawake walioketi. Vitambaa kichwani. "Warejesheni wana wetu." Hiyo ni sauti ya mama akizungumza, na nilipaswa kuisikia tangu usiku ule wa kwanza. Lugha ya upinzani wa siri wa 1982 ilikuwa ya ardhi, ya ubeberu, ya wafanyakazi na wakulima. Ilisema "sisi wazalendo". Haikusema "wana wetu". Niliishughulikia ngumi kwa aya tatu na maneno kwa nusu sentensi, kwa sababu ngumi ilinipa nilichotaka.

Na jiografia yake. Central Park na Uhuru Park zinatenganishwa na barabara ya Kenyatta Avenue tu. Nyayo House, ambako watu waliteswa katika vyumba vya chini, iko ng'ambo ya Uhuru Highway, njia panda ile ile. Akina mama waliketi katikati: mnara wa fimbo upande mmoja, jengo la mateso upande mwingine. Mchongaji alivisogeza vitu karibu zaidi, basi. Aliuweka mnara juu ya vichwa vya akina mama, na yule aliyesimama akampa vidole viwili vinavyofika karibu na usawa wa fimbo. Uchongaji wenyewe haukuwa wa fundi. Mikono ya wanawake imekuwa mifupi, uso mmoja umeharibika. Lakini kupanga namna hiyo kunahitaji jicho.

Mimi nilifurahi, na furaha yangu ilikuwa ya mtu aliyetatua fumbo. Nikamweleza mama, kwa haraka mno, nikionyesha siku, kidole, fimbo. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza:

"Kwa hiyo mwalimu, unaniambia mzee alifungwa bure?"

Hilo sikuwa nimelifikiria hata kidogo. Kwa familia, picha ilikuwa ndiyo sababu. Kijana alichukuliwa, akakaa miezi, akarudi amekonda na hataki taa izimwe. Jambo kubwa namna hiyo linahitaji kosa la kutosha, hata liwe kosa la heshima. Picha ilitoa kosa hilo. Alichonga, wakamfunga: hapo pana mpangilio, pana hata fahari. Ukiondoa picha unabaki na mwanafunzi aliyekuwa tu mwanafunzi siku ambayo haikufaa kuwa mwanafunzi.

Ningeweza kusema maneno ya mzunguko. Nilimwambia, "Ndiyo mama. Alifungwa bure. Wengi walifungwa bure."

Alikaa kimya, akamimina chai ambayo hakuna aliyeiomba. Baadaye akasema, si kwangu hasa, kwamba basi 1992 alichonga akijua. Nilimwuliza ana maana gani. "Alishajua kule ndani kukoje. Na bado akachonga."

Wasomi wenzangu watanisamehe: uchambuzi huo ni bora kuliko wangu. Picha ya kijana wa 1982 asiyejua bei yake ni kitu kimoja. Picha ya baba mwenye mke na watoto, aliyeshakaa ndani, anayeketi usiku na kisu juu ya kipande cha lino ilhali sheria ile ile ya uchochezi bado iko, ni kitu kingine. Tarehe ya baadaye haikumpunguza.

Mama ndiye aliyenipa jina la mtu wa pili. Walichonga wawili. Huyo wa pili bado yuko, ni mchoraji wa mabango ya maduka, na nilimkuta kwenye kibanda chake akichora kuku kwa ajili ya hoteli. Alikubali kuzungumza mradi mkono usisimame. Lino, alisema, ilikuwa ya sakafuni, kipande kilichobaki ofisi moja ilipotandikwa. Hawakuwa na mashine. Waliweka karatasi juu ya lino iliyopakwa wino, wakasugua mgongoni kwa kijiko cha kulia, nakala moja baada ya nyingine, mpaka kiganja kikavimba. Kalenda walizipata nyingi kwa mtu wa duka. Nikamwuliza kuhusu ule mkato wa wembe.

"Jina la duka lingetuuza," akasema. "Ungeshikwa nayo, kesho yake wako dukani."

"Na ilikuwa lini hasa?"

"Baada ya kina mama kupigwa. Lakini usiniandikie siku wala saa, mwalimu. Nitakudanganya."

Ningependa mashahidi wote wangekuwa kama yeye. Kuhusu picha ya 1982 hakujua lolote; walikuwa hawajafahamiana. Jina lake hakutaka liandikwe. Nilijaribu kidogo, nikasema mambo yamebadilika, siku hizi hata Kimathi ana sanamu yake mjini tangu 2007, ameshika bunduki, na hakuna anayekamatwa kwa kuitazama. Akapaka mdomo wa kuku rangi ya manjano, polepole, ndipo akajibu kwamba haogopi. "Tulikubaliana hatutii sahihi. Mwenzangu amekufa na makubaliano yetu. Mimi niyavunje nikiwa peke yangu?"

Hapa wenzangu tumegawanyika. Yuko rafiki anayesema kazi ya historia ni kurudisha majina, hasa majina ya mafundi ambao hakuna aliyewahesabu, na kwamba kumficha ni kurudia alichofanya wembe. Namwelewa. Lakini wembe ule ulishikwa na wao wenyewe. Kutokuwa na jina kulikuwa sehemu ya kazi kama wino ulivyokuwa, na mmoja wa waliokata shauri hilo bado yu hai na amesema hapana. Jina la marehemu nililiandika kwa idhini ya mkewe; la pili sikuliandika, nikaandika kwamba waliochonga ni wawili. Pia kuna sheria, tusiisahau: Kenya hulinda kazi ya sanaa kwa miaka 50 baada ya kufa kwa mtunzi, kwa hiyo ruhusa ya kuichapa kitabuni ilikuwa ya mjane na ya mchora kuku pamoja. Mchora kuku aliitoa yake kwa mdomo, kisha kwa maandishi, kwa sharti kwamba nisiirekebishe ile S.

Kuhusu karatasi iliyoingia jikoni 1982: naamini kilichomwa kitu. Mama mkwe hakuwa na sababu ya kuzua, na nyumba nyingi za Nairobi zilifuka moshi wa namna hiyo. Siamini kilikuwa picha hii, maana fimbo haikuwa imechomoza bado. Inawezekana marehemu alimwambia mkewe "nimeichonga tena", kwa maana ya kwamba ameanza tena kuchonga, na neno "tena" likakua. Inawezekana pia alichora kweli akina mama mara mbili. Sijaichagua mojawapo. Nilipoandika maelezo ya picha kwa ajili ya maonyesho madogo tuliyofanya, niliweka Machi 1992, nikaeleza mnara na kalenda, kisha mstari wa mwisho ukasema kwamba kwa ushuhuda wa familia, mchongo wa awali wa mtu huyu ulichomwa mwaka 1982. Mama aliusoma, miwani kwenye ncha ya pua. Akaomba neno "mtu" libadilishwe liwe "mwanafunzi". Nikabadilisha.

Picha tuliitundika kwa waya kutoka darini, kioo mbele na kioo nyuma. Nilidhani watu wangesimama upande wa ngumi. Wengi walizunguka upande wa kalenda, wakatafuta siku zao za kuzaliwa. Yule mzee wa bustani alifika amevaa suti, akasimama upande wa fimbo muda mrefu, akasema tu kwamba nyasi za pale zilikuwa ngumu kufyeka kwa sababu ya mteremko.

Jambo moja limebaki. Machi 1992 ikianza, kila kalenda ya mwaka ule ilikuwa na kurasa mbili tu za kung'oa. Mchora mabango anakumbuka kwamba walizitumia zote mbili, na nakala zilitawanywa kwa mkono, nyingine zikafika hadi All Saints. Kwa hiyo ikiwa kwenu kuna picha ya mlima, ngumi na S iliyogeuka, na nyuma yake kuna mwezi unaoanza Jumatano na kuisha Ijumaa tarehe 31, tafadhali usiitoe kwenye fremu peke yako. Nitakuja na kisu changu.